Akina Mama Niliowaandika Ukurasa wa Wanaume

Nilipoanza kazi ya ukarani katika hospitali moja ya misheni huko Muleba, nilikuwa na cheti cha kidato cha nne, mashati meupe mawili na kalamu tatu. Kalamu zote nilizichomeka mfukoni mwa shati, ya bluu, nyekundu na kijani, ingawa ile ya kijani haikuwa na wino. Ilikuwa miaka ya ujamaa, tukiitana ndugu, na kila aliyesoma aliambiwa kwamba taifa linamtegemea. Wengine walilisikia neno hilo likapita. Mimi nililiamini kupita kiasi. Asubuhi nikipita varandani kwenda ofisini, nilitembea polepole, upande mmoja chini kidogo, kama mtu ambaye taifa limemwegemea begani.

Kazi yenyewe ilikuwa hivi. Mgonjwa akiruhusiwa kwenda nyumbani, kadi yake ililetwa mezani kwangu ikiwa na jina la ugonjwa kwa mwandiko wa daktari, Mzungu mmoja mzee aliyeandika kama mtu anayekimbia mvua. Nilikuwa na kitabu kinene cha Kiingereza chenye orodha ya magonjwa yote ya duniani, kila ugonjwa na namba yake. Nilitafuta jina la ugonjwa kwenye faharasa, nikaona namba, nikaiandika kwenye kona ya kadi kwa wino mwekundu. Mwisho wa mwezi nilizijumlisha namba hizo kwenye fomu, na fomu ikapanda basi kwenda Bukoba, kwenye ofisi ya mkoa. Watu wa ofisi ile hawakuwaona wagonjwa wetu. Waliona fomu yangu tu.

Tena tulikuwa tumeshaletewa waraka kwamba kazi za ofisi zifanywe kwa Kiswahili. Kwa hiyo pembeni ya kila namba niliandika jina la ugonjwa kwa Kiswahili, na pale nilipokosa jina nililitunga. Sisi Wahaya Kiswahili tulikipata darasani, na mtu aliyepata lugha darasani hujiona anaijua kuliko waliozaliwa nayo. Pumu niliiita "mfinyo wa pumzi." Hakuna aliyenikataza.

Siku moja ikaja kadi ya mama mmoja mkulima wa Izigo. Daktari alikuwa ameandika neno moja tu, "sistosili." Sikulijua. Nikafungua faharasa, ikanieleza kwamba ni kibofu cha mkojo kilichoshuka, na chini ya maelezo hayo kulikuwa na mistari miwili. Wa kwanza ulisema: ikiwa ni mwanamke, nenda kwenye sura ya viungo vya uzazi vya kike. Wa pili ulisema: ikiwa ni mwanamume, nenda kwenye sura ya figo na kibofu.

Nilienda kwenye sura ya kwanza kama nilivyoelekezwa. Nikasoma maneno matatu, nikakifunga kitabu kama mtu aliyefungua mlango wa bafu akakuta kuna mwenyewe ndani.

Nieleweke. Nimelelewa Nyanga, pembezoni mwa mji wa Bukoba, katika nyumba ya Wakatoliki, nimetumikia altareni miaka sita. Kwetu mambo hayo hayakuwa na jina, si kwa Kihaya wala kwa Kiswahili. Na kwenye meza iliyotazamana na yangu alikaa mpiga chapa wetu, binti mchangamfu ambaye nilikuwa nikitaka anione kuwa mtu wa maana. Aliacha kuchapa, akaniangalia.

"Karani, kuna nini?"

"Vumbi," nikasema. "Kitabu kina vumbi."

Alipoinama tena kwenye mashine yake, nilianza kujenga hoja. Kibofu ni kibofu, nilijiambia. Mwanamume anacho, mwanamke anacho, na mkojo ni ule ule. Kama nchi nzima inahubiri usawa, kwa nini kibofu kibaguliwe? Nikageukia sura ya figo na kibofu, nikachukua namba ya wanaume, nikaiandika kwenye kadi ya yule mama kwa wino mwekundu. Pembeni nikaandika: "Ugonjwa wa kibofu." Hoja ile ya usawa ilinipendeza hata nikatamani kuwe na mkutano nikaitoe hadharani.

Kadi za namna ile ziliendelea kuja. Zilitoka Izigo, zilitoka vijiji vya milimani, moja ilitoka kisiwani Bumbire, ya mama aliyevushwa kwa mtumbwi akiwa amekaa upande. Zote nilizipa namba ile ile, na sasa sikuhitaji hata kufungua kitabu. Nilijisifu kwa wepesi wangu.

Sikujua kwamba daktari wetu, kabla ya kwenda likizo kwao Ulaya, alikuwa ameandika barua mkoani kuomba mtaalamu wa upasuaji wa akina mama aje kwa muda, kwa kuwa wanawake wenye vibofu vilivyoshuka walikuwa wengi na yeye mwenyewe mikono ilikuwa imeanza kumtetemeka. Jibu lilikuja yeye hayupo, likafunguliwa na karani, ambaye ndiye mimi. Lilisema kwamba wamepitia taarifa zetu za kila mwezi na hawakuona hata mwanamke mmoja mwenye tatizo hilo. Walichoona ni ugonjwa wa kibofu, tena mwingi, tena kwa watu wa karibu na ziwa. Wanashuku kichocho. Wangemtuma Bwana Afya aje kutafuta konokono wanaokibeba.

Mtu mwenye akili angeipeleka barua ile kwa Sista aliyesimamia wodi ya akina mama. Mimi niliisoma mara mbili, ya pili nikiwa nimesimama. Namba zangu zimeuamsha mkoa! Landirova inakuja kwa sababu ya wino wangu mwekundu! Nikaiweka barua kwenye droo na siku hiyo nikanyoosha shati kwa pasi ya mkaa mara mbili.

Bwana Afya alifika na Landirova iliyojaa chupa, mabuti na chujio lenye mpini mrefu. Alikuwa mtu mzima, mpole, mwenyeji wa mbali na kwetu, na Kihaya hakujua hata salamu. Akauliza nani alitayarisha zile takwimu. Nikasema mimi. Akanishika mkono kwa nguvu.

"Ndugu Karani, umefanya kazi kubwa. Tutakwenda wote, uwe mkalimani wangu."

Tukaenda Izigo. Siku mbili kutwa tulipita mabondeni kwenye vijito na madimbwi, yeye akichota matope kwa chujio, mimi nikishika chupa. Nilikuwa nimevaa viatu vyangu vya kanisani, kwa sababu nilifikiri mkalimani hukaa garini. Kiatu cha kushoto kilibaki kwenye tope, nikakifuata kwa mkono hadi kwenye kiwiko, watu waliokuwa wakipalilia kahawa wakisimama kututazama. Konokono tuliwapata wachache. Bwana Afya aliwageuza kwenye kiganja, akawatazama kwa miwani, akatikisa kichwa.

"Hawa sio," alisema. "Ajabu. Hawa sio kabisa."

"Labda wamejificha," nikamwambia, kama mtu aliyesoma konokono chuoni.

Siku ya tatu mwenyekiti wa kijiji akaitisha mkutano wa akina mama kwenye ghala la kahawa. Msimu ulikuwa umepita, ghala lilikuwa tupu, na wanawake walikaa juu ya magunia, wengine wakiwa wametoka moja kwa moja kwenye shamba la kijiji na majembe yao. Bwana Afya alieleza kwa Kiswahili, kwa sentensi fupi, kwamba kichocho huingia mwilini kwa maji yenye konokono, na kwamba wasioge kwenye madimbwi. Mimi nilitafsiri kwa Kihaya. Sentensi zake zilikuwa fupi mno kwa kipaji changu, basi nikaziongezea. Nilisema taifa haliwezi kujengwa na vibofu vigonjwa. Nilisema adui yetu ana pembe mbili na anatembea na nyumba yake mgongoni. Kama dakika ishirini nilikuwa na furaha ambayo sijapata tena maishani.

Nilipomaliza, mama mmoja wa makamo, mwembamba, aliyejifunga kitenge kilichopauka, akainua mkono. Nilimtambua. Kadi ile ya kwanza ilikuwa yake.

"Waitu karani, niulize?" akasema, kwa neno letu la heshima.

"Uliza, mama."

"Huyo konokono unayemsema, ndiye aliyekishusha kibofu changu?"

"Ndiye, mama."

"Mwana wange, mimi sijaingia dimbwini tangu niolewe. Maji yangu nayachota chemchemi, kule juu kwenye mawe. Watoto nimezaa tisa. Wa sita alitanguliza mguu, nikakaa naye siku tatu. Alipotoka, nilipumzika wiki moja, halafu nikarudi kibanjani, kwenye migomba, kubeba ndizi, kwa sababu wa kunibebea hakuwapo. Siku hiyo ndipo kitu kiliposhuka. Nilikisikia hapa kama yai." Akanitazama bila hasira yoyote, na hilo ndilo lililonimaliza. "Sasa nieleze. Siku hiyo konokono alikuwa wapi?"

Kutoka nyuma sauti ikasema, "Alikuwa ameshika taa, anamsaidia mkunga!"

Wanawake walicheka mpaka wengine wakashika magunia. Walicheka hata wale wazee walioona haya kucheka, wakajiziba kwa vitenge. Bwana Afya alitabasamu kwa adabu, akaniinamia.

"Wanasema nini?"

"Wanashukuru," nikamwambia.

Mwenyekiti, aliyekuwa amekaa upande wa pili wa Bwana Afya na aliyejua lugha zote mbili vizuri kuliko mimi, akakohoa.

"Hawashukuru, ndugu," alisema. Akamweleza yote, neno kwa neno, pamoja na taa.

Bwana Afya alivua miwani. Akaniomba nimuulize yule mama maswali machache, kwa heshima na kwa sauti ya chini, naye akajibu. Wakasimama wengine wanne, mmoja baada ya mwingine, wenye hadithi ya namna ile ile: uzazi mgumu, kubeba mzigo mapema, na kitu kushuka. Mmoja alisema hajakaa kanisani kwenye benchi la mbele kwa miaka minane kwa kuogopa harufu ya mkojo. Mwingine alisema mumewe alishamjengea kibanda chake pembeni ya migomba. Nilitafsiri bila kuongeza chochote.

Njiani kurudi hospitali, tulipoliona ziwa, Bwana Afya akanigeukia.

"Ndugu Karani, kwenye zile takwimu zako, wanawake wa namna hii ni wangapi?"

"Wengi."

"Wengi kiasi gani?"

"Wote," nikasema. "Karibu wote."

Hakunigombeza. Aliangalia nje kwa muda, mabega yakaanza kumtikisika, nikajua anacheka. Kisha akaacha kucheka ghafla, na hilo lilikuwa baya zaidi.

Nilimpelekea Sista ile barua iliyokaa kwenye droo. Alikuwa Mhaya mwenzetu, mnene, mwenye mikono mikubwa iliyopokea nusu ya watoto wa tarafa ile. Aliisoma akiwa amesimama wodini, akaikunja, akaja nami mpaka ofisini. Akanitaka nifungue kitabu kwenye ile sura.

"Soma."

"Sista, kuna…" Nilielekeza macho kwa mpiga chapa.

"Yeye ni mwanamke. Hivyo vitu anavyo, hatashangaa. Soma kwa sauti."

Nilisoma ukurasa mzima kama mtoto wa darasa la kwanza, nikikwama kila neno, masikio yakiwaka moto. Mpiga chapa hakucheka. Alikuwa ameacha kazi, anasikiliza. Nilipofika mwisho Sista akavuta kiti.

"Mgomba ukibeba mkungu mzito, baba yako hufanya nini?"

"Anauwekea tegemeo."

"Tegemeo likichoka?"

"Mgomba unalala."

"Sasa utasema mgomba unaumwa? Utaupa dawa? Kibofu cha yule mama hakina ugonjwa wowote, karani. Ukuta uliokuwa unakishikilia ndio uliochoka, na ukuta huo uko huku, kwenye njia ya mtoto. Ndiyo maana kitabu kinakuleta sura hii. Ukimwandika kule kwa wanaume, atapewa dawa ya kibofu mpaka afe, na hakuna atakayeleta mtu wa kuusimamisha ukuta. Umewapoteza wanawake hawa, na walikuwa mbele ya macho yako."

Akanipa wiki mbili kuzirudia kadi zote.

Nilizirudia. Safari hii, kwa mara ya kwanza tangu niajiriwe, nilisoma kadi nzima badala ya ule mstari wa ugonjwa peke yake. Niliona idadi ya waliozaliwa, idadi ya waliofariki, miaka ambayo mama amekaa na tatizo kabla ya kuja. Niligundua pia kwamba "mfinyo wa pumzi" ulikuwa umewachanganya sana watu wa wodi ya wanaume. Kwenye kila kadi ya kibofu kilichoshuka niliikata namba ya zamani kwa mstari mmoja, nikaandika ya kweli juu yake. Mpiga chapa alinisomea majina. Siku ya tatu aliniuliza kama vumbi limepungua kitabuni. Nikasema limepungua.

Kisha ikabaki barua ya kueleza mkoani. Niliiandika kwa ufasaha mkubwa: "Kumejitokeza utata wa kitaalamu katika uainishaji wa maradhi." Sista aliisoma, akaweka kidole chini ya mstari ule.

"Nani alikosea?"

"Mimi."

"Basi andika hivyo."

Nikaandika: "Karani alikosea." Ilikuwa sentensi fupi kuliko zote nilizowahi kupeleka Bukoba, na ilinichukua mchana mzima.

Haikuwa upesi, lakini mtaalamu alikuja. Alikuwa daktari kijana, mtu wa utani, na alikaa nasi majuma kadhaa. Waliozidiwa sana aliwafanyia upasuaji, wengine Sista aliwawekea pete za mpira za kukishikilia kibofu mahali pake. Yule mama wa watoto tisa alikuwa wa kwanza mezani. Si wote waliopona sawasawa; wawili walirudi baadaye na shida ile ile, na mmoja mumewe alikataa asije kabisa. Nao nikawaandika, palipostahili.

Habari ilifika mpaka mjini. Asubuhi moja mlango wa ofisi ulifunguliwa, akaingia mama yangu mzazi, ametoka Nyanga kwa basi la kwanza, na mkungu mdogo wa ndizi kichwani. Nikamtua. Nikamsalimu, nikamuuliza habari za baba na za kahawa. Alijibu yote, akakaa, akapanga mikono mapajani.

"Nimesikia kuna daktari," alisema.

"Yupo. Unaumwa nini, Mama?"

Akatupa jicho kwenye meza ya pili. Mpiga chapa aliinuka, akasema anakwenda kutafuta utepe wa mashine, akatoka na kuurudisha mlango nyuma yake.

"Si wewe unayeyaandika?" mama akasema. "Basi andika. Ndicho hicho hicho cha wenzangu."

Nilichukua kadi. Maswali nilikuwa nayajua, na nilijua kwamba nisipouliza nitakuwa nimempoteza na yeye. Nikamuuliza umri, akanitajia kwa kukisia. Nikamuuliza uzazi, akahesabu na wale wawili ambao mimi sikuwahi kuambiwa kwamba walikuwapo.

"Tatizo limeanza lini?"

"Tangu wewe."

"Tangu mimi?"

"Ulikuwa na kichwa kikubwa," alisema mama, kama anayetaja hali ya hewa. "Mkunga alishangaa. Aliita na jirani aje akione."

Nje ya mlango mtu alipaliwa na kicheko, nikajua utepe wa mashine haujatafutwa. Mama naye akaanza kutabasamu, na mimi nikaandika kwenye kadi, kwenye mstari wa chanzo, "uzazi mgumu," bila kuingia katika mambo ya vipimo.

Alifanyiwa upasuaji Alhamisi. Wakati wa kumruhusu Sista alituita wote wawili, akasema kwamba mama asibebe kitu chochote kizito kwa miezi mitatu, si ndizi, si kuni, si maji. Mama akaitikia haraka haraka, na Sista akaacha kumtazama yeye, akanitazama mimi. Dada zangu walikuwa wameshaolewa mbali. Baba alikuwa na hoja zake kuhusu wanaume na maji, hoja nzuri kama zile zangu za usawa wa vibofu.

Nikaomba likizo. Asubuhi ya kwanza Nyanga nilikwenda chemchemi na debe, nimevaa shati la kazini kwa kukosa lingine, na nikakuta foleni ya wanawake na wasichana wanaonijua tangu utoto. Walinipisha kwa heshima ili waone nitafanyaje. Debe lilinimwagikia mara mbili kabla sijalifikisha kichwani. Jirani mmoja mzee alinihurumia, akakata jani kavu la mgomba, akanisokotea ngata, akaniwekea utosini na kuniambia nisitazame chini.

Maji yaliyofika nyumbani yalikuwa nusu debe. Mama alichungulia ndani akiwa amekaa mlangoni, akasema hayo yanatosha kupikia, nirudi nikachote ya kuoga.